Nani Yumo Kwenye Ramani: Kwa Treni kutoka Mumbai hadi Chandigarh

Ijumaa, Mumbai

Mimi ni afisa mipango miji katika halmashauri mojawapo ya Tanzania, na likizo yangu ya Januari nimeipeleka kwenye miji ya wenzetu. Mke wangu kaniambia ni sawa na dereva wa daladala kwenda likizo ya kupanda daladala. Hana kosa. Njia niliyojipangia ni Mumbai, Ahmedabad, Bhuj, Delhi na Chandigarh. Karachi na Lahore nilizitamani pia, ila mpaka wa India na Pakistan haupitiki kirahisi, basi nitazisikia kwa mbali.

Mchana nimesimama mbele ya stesheni ya Chhatrapati Shivaji Maharaj Terminus. Wageni huja kupiga picha kuba na sanamu zake za mawe, kazi ya F. W. Stevens iliyokamilika mwaka 1888. Mimi nilitazama zaidi watu wanaomiminika kutoka ndani. Treni za mji huu hubeba watu milioni 7 hivi kwa siku, na sababu ni umbo la mji wenyewe: kipande chembamba cha nchi kavu, kazi ziko kusini, vitanda viko kaskazini.

Zamani vilikuwa visiwa saba. Waingereza walivipata mwaka 1661 katika mali aliyokuja nayo bibi harusi wa mfalme wao, Catherine wa Braganza wa Ureno, na mwaka 1668 vikakodishwa kwa Kampuni ya East India kwa pauni 10 kwa mwaka. Pauni kumi! Karne mbili zilizofuata wakajaza mawe na udongo kati ya kisiwa na kisiwa, wakiuza viwanja juu yake. Lakini maji hufuata mkondo. Tarehe 26 Julai 2005 kipimo cha Santacruz kilisoma milimita 944 za mvua kwa saa 24. Dodoma haipati kiasi hicho kwa mwaka mzima. Mto Mithi, uliokuwa umebanwa na majengo pande zote, ukarudi kudai eneo lake.

Jioni nimetembea Mohammed Ali Road. Ni barabara ya kelele, kebabu na manukato, na wachache wanaopita wanafikiria kuwa ni mtoto wa tauni. Ugonjwa uliingia mwaka 1896 katika mtaa wa Mandvi, kando ya bandari, penye maghala ya nafaka na panya wake. Miaka miwili baadaye serikali ikaunda Bombay Improvement Trust (Bombay ndilo jina la zamani la Mumbai), ikaipa mamlaka ya kununua, kubomoa na kukata barabara. Princess Street ilielekezwa makusudi ili upepo wa bahari uingie ndani ya mji. Upepo uliingia kweli, ila katika miaka ya mwanzo Trust ilibomoa vyumba vingi kuliko ilivyojenga, na fidia ilimfuata mwenye nyumba. Mpangaji alibeba godoro lake akahamia mtaa wa jirani, akaujaza kupita ulivyokuwa.

Nairobi ilifuata mkondo uleule: tauni ilipotokea mwaka 1902, soko la Wahindi likachomwa moto, kisha ndipo mji ukapangwa upya.

Jumamosi, Dharavi

Nimeshuka Mahim na kupokelewa na kijana aliyezaliwa Dharavi, makazi holela maarufu ya Mumbai, sasa anasomea usanifu wa majengo. Humwita kila mtu bhai, kaka, nami nikawa bhai mpaka jioni.

Dharavi imekaa kati ya njia mbili za reli, na ng'ambo ya Mithi kuna Bandra-Kurla, mabenki na ubalozi mdogo na vioo. Hapo ndipo penye siri ya bei. Lilipoanza kujaa watu, eneo hili lilikuwa kinamasi cha pembezoni, mahali pa kutupia kazi ambazo mji haukuzitaka: ngozi, udongo, takataka. Mji ukakua ukalizunguka, na leo pembezoni ni katikati.

Tumekaa sana Kumbharwada, kwa wafinyanzi ambao wazee wao walitoka Saurashtra, Gujarat. Nyumba zimepangwa mistari, na kati ya mstari na mstari kuna matanuri ya kutumiwa kwa pamoja. Mama mmoja alikuwa akigeuza vyungu juani, akikigonga kila kimoja kwa kidole na kusikiliza. Kilichotoa mlio mzito alikirudisha. Tanuri la karibu lilikuwa likilishwa mabaki ya pamba na vitambaa kutoka kwa mafundi cherehani wa mtaa wa pili, na moshi wake ulitufanya sote tutoe machozi, yeye akiwa amezoea. Udongo huja nyuma, hufinyangwa sebuleni, hukaushwa barazani, huchomwa uani, huuzwa mbele barabarani. Nyumba, karakana na duka ni kitu kimoja. Katika ramani zetu tungehitaji rangi tatu za matumizi ya ardhi, na tungemwambia achague moja.

Mwaka 2022 zabuni ya kuijenga upya Dharavi ilikwenda kwa kampuni ya Adani, yenye hisa asilimia 80, na serikali ya jimbo la Maharashtra asilimia 20. Masharti yake kila mtu hapa ameyakariri. Aliyekuwepo kabla ya tarehe 1 Januari 2000 na anayeishi chini anapewa fleti bure, ndani ya Dharavi, ya futi za mraba 350. Waliokuja baadaye na wanaoishi ghorofani wanapangiwa nje ya Dharavi, kwa kulipia.

Nikauliza, ghorofani ni kina nani? Kijana akanionyesha. Karibu kila nyumba ina ngazi ya chuma iliyosimama wima kwa nje, na mwisho wa ngazi kuna chumba kingine, na mara nyingine juu yake kingine. Humo wamo watoto waliooa, wafanyakazi wa karakana, wapangaji wa miaka ishirini. Juu ya milango ya chini kuna namba zilizopakwa na watu wa uhakiki. Kwetu ukiona alama ya X nyekundu ukutani ujue bomoabomoa imekaribia. Hapa mambo ni kinyume: mwenye namba ana matumaini, anayelala na hofu ni asiyekuwa nayo.

"Na mama wa vyungu," nikamwuliza, "akipewa fleti ghorofa ya kumi na nne, atachomea wapi?"

"Bhai, hilo swali wote huliuliza. Jibu ni kwamba kutakuwa na eneo la viwanda."

Jumapili, Navi Mumbai

Mwaka 1965 wataalamu watatu, Charles Correa, Pravina Mehta na Shirish Patel, walipendekeza jambo la maana: msiubane mji kaskazini na kusini, uvusheni maji kwenda bara, na ofisi za serikali zitangulie kuhama ili watu wazifuate. Mwaka 1970 likaundwa shirika la CIDCO kusimamia kazi hiyo. Mji mpya, Navi Mumbai, ukajengwa, una miti na stesheni pana kama viwanja vya mpira. Ofisi za serikali hazikuhama. Zilibaki kusini, na bahari ya Nariman Point ikaendelea kujazwa kwa ajili ya majengo mengine.

Ardhi ya huku ilitoka kwa wanavijiji na wavuvi. Walipogoma kwa sababu ya fidia, Januari 1984 polisi walifyatua risasi Uran na wakulima watano wakafa. Baada ya miaka ya kudai, walikubaliwa kurudishiwa asilimia 12.5 ya ardhi yao ikiwa viwanja vilivyopimwa. Kiongozi wao, D. B. Patil, jina lake lilipendekezwa lipewe kiwanja kipya cha ndege. Nimeiandika hiyo 12.5 kwenye daftari na kuizungushia duara, maana nakwenda Gujarat.

Jumatatu, njiani

Treni ya Vande Bharat kwenda Ahmedabad, chai mara mbili, viti vizuri. Dirishani mashamba ya chumvi, kisha viwanda vya Vapi na Surat visivyokwisha.

Nimesoma habari za Patrick Geddes, mpanga miji Mskoti aliyekuja India mwaka 1914 na maonyesho yake ya miji. Maonyesho hayakufika. Yalizama pamoja na meli iliyoshambuliwa na manowari ya Kijerumani Emden, mwenzake wa Königsberg iliyokuja kufia Rufiji. Akakusanya mengine, akazunguka mji hadi mji akiandika ripoti. Wahandisi wa Kiingereza walikuwa wakipitisha barabara katikati ya mitaa ya zamani kwa rula. Yeye alitembea kwa miguu, akapendekeza kuvunja nyumba mbovu moja hapa, nyingine kule, kupanda mti, kuacha kisima na uwanja wa mahali pale. Kule Indore aliandaa maandamano ya Diwali dhidi ya tauni, na njia ya kupita maandamano ilitangazwa kuwa itapita mitaa iliyosafishwa vizuri. Watu wakafagia kama hawajawahi kufagia. Ripoti zake husifiwa katika kila chuo cha mipango miji, na rula bado ndiyo inayotumika.

Jumanne, Ahmedabad

Hiki ndicho nilichokifuata. Mwenyeji wangu ni mpanga miji mstaafu, mama mwenye sari ya pamba na viatu vya kutembelea. Wadogo zake wa kazi humwita ben, dada, nami nikamwita hivyo.

Alinipeleka magharibi ya mto Sabarmati, tukasimama kwenye kona ya barabara mbili za kawaida kabisa. "Hapa palikuwa mashamba," akasema, "na serikali haikununua hata shamba moja."

Mfumo wenyewe ni wa zamani, unatokana na sheria ya Bombay ya mwaka 1915, ya kwanza ya mipango miji India, na leo unaendeshwa kwa sheria ya Gujarat ya mwaka 1976. Mpango unachukua kama hekta mia moja zenye wamiliki wengi. Mashamba yote yanachorwa kwenye karatasi moja kama yalivyo, yamepinda, mengine hayana njia. Kisha yanachanganywa. Barabara zinachukua asilimia 15, bustani 5, shule na zahanati na huduma nyingine 5, na mamlaka inabaki na 15 ya kuuza ili kulipia lami na mabomba. Inayobaki, asilimia 60 hivi, inagawiwa kwa wenyewe, kila mtu kiwanja chenye pembe mraba na barabara mbele, karibu na lilipokuwa shamba lake. Aliyeingia na mita 1,000 za mraba anatoka na 600, lakini 600 zake zinauzika kuliko zile 1,000. Kwa kuwa thamani imepanda, anadaiwa mchango. Kwa kuwa amepoteza eneo, anadai fidia. Kimoja kinatolewa kwenye kingine, salio linalipwa.

Barabara ya mzunguko ya Sardar Patel, kilomita 76, sehemu kubwa ya ardhi yake ilipatikana kwa njia hii. Mimi niliyewahi kukaa vikao vya fidia ambako mthamini, mwanasheria na mwananchi kila mmoja ana bei yake, nilitaka kuketi chini pale barabarani.

Ben hakuniacha nifurahi sana. Mipango mingine ilikaa miaka na miaka kwa kesi na pingamizi. Mwaka 1999 sheria ilibadilishwa ili barabara zianze kukatwa mara rasimu inapoidhinishwa, wakati hesabu za mtu na mtu zinaendelea. Hapo ndipo kasi ikaja. Kisha akanipeleka mtoni. Ukingo wa Sabarmati umejengwa ukuta na njia za kutembelea pande zote mbili, pamenyooka, pasafi, watu wanakimbia mazoezi. Kabla ya hapo zaidi ya familia 10,000 ziliishi kwenye kingo hizi. Nyingi zilipelekwa kwenye majengo ya ghorofa pembezoni, Vatva na kwingine, mbali na kazi zao za mjini.

"Wale hawakuingia kwenye kuchanganya viwanja?"

"Walikuwa na kiwanja gani cha kuchanganya?" akanijibu.

Jumatano, Ahmedabad, Uttarayan

Leo hakuna ofisi, hakuna ramani. Ni sikukuu ya tiara na mji mzima umepanda kwenye mapaa. Nimealikwa ndani ya pol mmoja wa mji mkongwe. Pol ni kijimtaa kilichofungwa, lango moja, kichochoro kimoja, kisima na kibanda cha kulishia ndege juu ya nguzo, nyumba zimeshikana ukuta kwa ukuta. Kwa mitaa hiyo Ahmedabad, uliojengwa na Ahmed Shah mwaka 1411, ulikuwa mji wa kwanza India kuingia orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO, mwaka 2017. Vijana wengi wenye uwezo wamehamia magharibi ya mto, kwenye viwanja vya pembe mraba. Leo wamerudi, na wasio na ukoo humu wanakodi paa kwa siku nzima. Nimekula undhiyu, mboga za mchanganyiko za hapa, mpaka nikashindwa kuinama. Uzi wa tiara umenikata kidole.

Ijumaa, Bhuj

Usiku treni imetuleta Kutch, nchi ya bandari ya Mandvi (si ule mtaa wa Mumbai), majahazi, na mababu wa nusu ya maduka ya zamani ya Zanzibar.

Tarehe 26 Januari 2001, saa 2 na dakika 46 asubuhi, ardhi ilitikisika kwa kipimo cha 7.7. Zaidi ya watu 13,000 walikufa Gujarat, wengi wao Kutch. Ndani ya ukuta wa Bhuj vichochoro vilikuwa vyembamba kiasi kwamba walionusurika na nyumba zao waliangukiwa na za jirani wakiwa mlangoni, na vifaa vya uokoaji havikuweza kupita. Kwenye kilima cha Bhujio sasa pana ukumbusho wa Smritivan, uliofunguliwa mwaka 2022, na majina yameandikwa kando ya mabwawa ya maji ya mvua. Nimesoma ukoo mmoja majina mengi mfululizo, nikaacha kusoma.

Mji ulipangwa upya kwa mfumo uleule niliouona Ahmedabad, safari hii juu ya kifusi. Kila mwenye kiwanja alikatwa kidogo ili barabara zipite, na mkato ulipanda kadiri kiwanja kilivyokuwa kikubwa. Wenye viwanja vidogo kabisa hawakukatwa. Wengine walipewa viwanja kwenye maeneo mapya nje ya ukuta ili katikati papungue msongamano. Nimetembea barabara hizo mpya kutoka ziwa Hamirsar. Ni pana, na zina kona za ghafla mahali ambapo nyumba iliyosimama imara ilikwepwa. Barabara iliyochorwa na mtu aliyetoka ofisini na kuangalia, utaijua tu.

Jumamosi, Madhapar

Kijiji cha pembeni mwa Bhuj, nyumba kubwa zilizofungwa kufuli, wenyewe wako Nairobi na London. Mwenye duka la chai alipojua nilikotoka alimtuma mtoto mbio, na baada ya dakika chache mzee mmoja akaja na fimbo yake.

"Karibu, bwana! Toka Dar? Mimi ya Kisumu. Duka ya baba yangu ilikuwa karibu na soko."

Shikamoo yangu ilimliza kidogo. Hakuisikia siku nyingi. Nyumba yake ilikuwa ndani ya Bhuj, ya ghorofa mbili, ikaanguka yeye akiwa shambani. Nilimwuliza kuhusu mkato.

"Walikuja na kamba na karatasi. Kiwanja yangu kubwa, wakakata. Jirani yangu ndogo, hawakata. Nilikasirika sana, nikaenda kupiga kelele ofisini. Halafu barabara ikapita, gari ya zimamoto inaingia mpaka mlango. Basi, nikanyamaza."

"Na waliokuwa wapangaji, mzee?"

Alifikiri. Chini ya nyumba yake alikuwepo fundi cherehani, alipanga tangu ujana wake. Kodi ilikuwa ndogo, ya zamani, isiyopandishwa. Nyumba ilipoanguka, kodi ile nayo ikafa. Kiwanja kilikuwa cha mzee, kikakatwa cha mzee, kikarudishwa kwa mzee. "Yeye akaenda," alisema, na kwa mkono akaonyesha mashariki, ambako ni kukubwa.

Jumapili, njiani

Mchana kutwa Rajasthan, mchanga na mbuzi. Usiku ukungu wa Januari umeishika treni, tunatambaa.

Kwa kuwa Karachi iko hapo tu nyuma ya jangwa la chumvi, niseme habari ya Orangi. Mwaka 1980 Akhtar Hameed Khan alianza kazi katika makazi hayo holela, ambako serikali haikuwa na mpango wa kuleta mabomba ya maji taka. Utaratibu ulikuwa hivi: nyumba za uchochoro mmoja zinachagua mtu wa kukusanya fedha, zinachimba na kulaza bomba la uchochoro wao kwa gharama zao, mradi unawapa vipimo na mafundi wa kuwaelekeza. Bomba kubwa la nje ndilo la serikali. Maelfu ya vichochoro vilifanya hivyo, mpangaji na mwenye nyumba wakichimba pamoja, maana choo hakiulizi hati. Perween Rahman, msanifu aliyeuendeleza mradi na kuchora ramani za makazi hayo, aliuawa kwa risasi Machi 2013.

Jumatatu, Delhi

Baridi ya kukata mifupa na moshi puani. Nimetembea Kartavya Path kuelekea kilima cha Raisina. Mwaka 1911 mfalme wa Uingereza alitangaza makao makuu yanahama Calcutta kuja hapa, na mji mpya wa Edwin Lutyens na Herbert Baker ukazinduliwa mwaka 1931. Ukiukaribia, jengo la rais linazama taratibu nyuma ya mwinuko wa barabara mpaka linabaki kuba. Lutyens na Baker waligombana miaka kwa sababu ya mwinuko huo. Baker ndiye pia aliyechora Ikulu ya Nairobi. Kwa hiyo bustani na umbali ule wa kutisha kati ya lango na mlango, Wakenya wanavijua.

Kisha 1947. India ikagawanywa na wakimbizi karibu nusu milioni wakaingia Delhi. Mwaka 1955 maji taka yaliingia kwenye maji ya kunywa, homa ya ini ikaenea mjini. Hofu hiyo ilizaa Mamlaka ya Maendeleo ya Delhi mwaka 1957, na Mpango Kabambe wa mwaka 1962 ulioandaliwa kwa msaada wa wataalamu wa Ford Foundation. Hapa wakachagua njia ambayo mimi nimelelewa nayo kazini: serikali itwae ardhi yote ya kuendelezwa, ipime, igawe. Chombo chake kilikuwa sheria ya kutwaa ardhi ya mwaka 1894, ambayo Waingereza waliivusha bahari mapema kwa ajili ya reli ya Mombasa hadi Uganda.

Mkulima alilipwa bei ya shamba na akaona kiwanja kikiuzwa bei ya mji. Mamlaka ikabaki na ardhi nyingi kuliko uwezo wake wa kupima, na watu hawakungoja. Nchi ilipokuwa chini ya hali ya hatari, 1975 hadi 1977, mamia ya maelfu walihamishwa kwa nguvu. Aprili 1976, pale Turkman Gate, waliokataa kuhama walipigwa risasi.

Jumanne, Sangam Vihar

Kusini ya Delhi, mwisho wa basi. Haya ni makazi yasiyo na idhini, miongoni mwa makubwa kabisa ya aina yake, nyumba za matofali za ghorofa tatu nne kwenye ardhi ambayo mpango unasema ni ya kilimo. Wakulima walipoona serikali itaitwaa kwa bei ya shamba, waliikata na kuiuza wenyewe kwa vipande.

Boza la maji lilipoingia uchochoroni, mipira ilirushwa juu yake kabla halijasimama, kila nyumba na wake, na kijana mmoja akapanda kuikandamiza kwenye tundu. Mama aliyenikaribisha chai aliendelea kuongea huku akitazama mpira wake mwekundu. Karatasi zake za kununulia ziko kwenye mfuko wa nailoni: hati ya uwakilishi, makubaliano ya mauziano, wosia. Kisheria hazikumpa umiliki. Mwaka 2019 serikali kuu ilianza mpango wa kuwatambua wenye karatasi kama hizo katika makazi 1,731 ya Delhi. Urasimishaji, tungeuita. Amejaza fomu. Chumba cha juu anakipangisha kwa vijana wawili wa kiwandani.

"Nao wamejaza?"

Akacheka. "Wao ni wapangaji, bhaiya."

Jumatano, Chandigarh

Punjab ilipogawanywa, Lahore ilibaki Pakistan, na India ikajenga makao makuu mapya ya jimbo. Wasanifu Albert Mayer na Matthew Nowicki walianza. Nowicki alikufa kwenye ajali ya ndege mwaka 1950, kazi ikaenda kwa Le Corbusier, pamoja na Pierre Jeanneret, Maxwell Fry na Jane Drew. Kila sekta ni mita 800 kwa 1,200, ina duka lake, shule yake, bustani yake, na barabara zimepewa daraja, ya magari ya mbio hadi ya kwenda kwa mguu. Ni pazuri, sitasema uongo. Nimevuka njia panda nyingi bila kuhofia maisha, jambo ambalo halijanitokea tangu nitue.

Mji ulikusudiwa watu 500,000. Sensa ya 2011 ilikuta zaidi ya milioni 1. Januari 2023 Mahakama ya Juu ilizuia nyumba za sekta za awamu ya kwanza zisigawanywe kuwa fleti, ili kulinda urithi wa Le Corbusier. Watu wanaopika na kufagia katika sekta hizo inabidi walale mahali pengine.

Mchana nimekwenda Rock Garden. Nek Chand alikuwa mkaguzi wa barabara wa serikali, mkimbizi wa 1947. Kuanzia mwaka 1957 alibeba kwa baiskeli mabaki ya vijiji vilivyobomolewa kupisha mji, vigae, bangili zilizovunjika, soketi za umeme, akajenga kwa siri msituni ufalme wa sanamu. Eneo lilikuwa la hifadhi, ujenzi haukuruhusiwa. Maofisa walipoligundua katika miaka ya 1970 wengine walitaka libomolewe. Lilifunguliwa kwa umma mwaka 1976, naye akapewa mshahara wa kuliendeleza na vibarua 50.

Dereva wa bajaji aliyenirudisha aliishi Colony No. 4, makazi ya vibarua, mpaka yalipobomolewa Mei 2022. Walioorodheshwa kwa alama za vidole mwaka 2006 walistahili fleti ndogo za serikali. Yeye alifika mjini mwaka 2009. Sasa anaishi Burail, kijiji cha zamani kilichobaki ndani ya Sekta 45, na kwa kuwa kilikuwa kwenye njia nikaomba tupite. Ghafla sekta inakatika: vichochoro, nyaya kichwani, majengo yaliyobebana, maduka ya vipuri, watoto, harufu ya vitunguu vinavyokaangwa. Nikamwuliza chumba chake kiko wapi.

Akanyoosha kidole juu. Ghorofa ya tatu, ngazi za nje, za chuma.